Usitishwe na neno 'nyuklia': hatari ya MRI ni chuma, si miale

Na Daktari Wetu, Muthara

HAPA Muthara, kauli moja hunifikia mara kwa mara kutoka kwa wagonjwa ninaowaandikia barua ya kwenda kupigwa picha ya MRI: "Daktari, mimi siendi kupigwa hiyo miale ya nyuklia."

Aghalabu mwenye kauli hiyo ni mtu anayeihitaji sana picha yenyewe. Anaweza kuwa mkulima ambaye mguu umekufa ganzi kwa sababu ya pingili za mgongo, au mama anayeumwa na kichwa kwa miezi mingi huku macho yakipungua nguvu. Amesikia sokoni kwamba mtambo huo unaunguza mwili, unaharibu kizazi au unaleta saratani. Anarudi nyumbani, anameza dawa za kutuliza maumivu, nao ugonjwa unazidi kupata nafasi.

Upande wa pili yuko mgonjwa asiyeogopa chochote. Huyu huwa tayari kuingia katika chumba cha mtambo bila kusema kwamba ana kipande cha risasi mwilini tangu siku za wizi wa mifugo, au kwamba chembe ya chuma iliwahi kumruka jichoni akichomelea geti. Kati ya wawili hawa, huyu wa pili ndiye aliye katika hatari ya kweli.

Je, nyuklia inaingiaje katika mambo ya hospitali? Na ni lini mtu anapaswa kuiogopa?

Kiini ni nini?

Neno "nyuklia" maana yake ni kitu kinachohusu kiini cha atomu. Kila kitu duniani, liwe jiwe, jani la miraa au damu yako, kimeundwa kwa atomu. Katikati ya kila atomu kuna kiini chenye chembe ziitwazo protoni na nyutroni. Chembe nyingine, elektroni, hukizunguka kiini hicho.

Idadi ya protoni ndiyo inayoamua kama kitu ni kaboni, iodini au chuma. Nyutroni zaweza kuzidi au kupungua bila kubadilisha jina hilo. Atomu za jina moja zenye idadi tofauti ya nyutroni huitwa isotopu. Ni kama ndugu wa boma moja: ukoo wao ni mmoja, lakini uzito unatofautiana.

Chukua mfano wa kaboni. Kaboni 12 ina protoni 6 na nyutroni 6. Kaboni 13 ina nyutroni 7, na kaboni 14 ina nyutroni 8. Mbili za kwanza zimetulia na hazitoi mnururisho wowote. Ni hiyo ya tatu pekee ambayo kiini chake huvunjika polepole na kutoa miale.

Hapa ndipo watu wengi wanapochanganya mambo. Wakisikia "nyuklia" hukumbuka bomu la Hiroshima mwaka 1945 au ajali ya Chernobyl mwaka 1986. Lakini viini vilivyo vingi mno, vikiwemo vilivyojaa mwilini mwako, vimetulia tuli. Kukichunguza kiini si lazima kukivunja.

Bembea na redio

MRI haitoi miale ya aina ya eksirei. Hutumia sumaku kubwa na mawimbi ya redio.

Mwili wa mtu mzima ni maji kwa zaidi ya nusu ya uzito wake, na maji yana haidrojeni kwa wingi. Kiini cha haidrojeni ya kawaida ni protoni moja tu, nayo hutenda kama sumaku ndogo mno. Ukilala ndani ya mtambo, protoni hizo hujipanga kidogo kufuata sumaku kubwa. Mitambo mingi ya hospitali ina nguvu ya tesla 1.5, ambayo ni zaidi ya mara 40,000 ya nguvu ya sumaku ya dunia hapa kwetu Kenya.

Sasa fikiria mtoto kwenye bembea. Ukiisukuma ovyo ovyo, haiendi mbali. Ukiisukuma kwa mdundo wake, hata kwa kidole, itapanda juu. Mwitiko huo wa kupata mdundo sawasawa ndio wanasayansi wanaouita rezonansi.

Protoni nazo zina mdundo wao. Ndani ya sumaku ya tesla 1.5 mdundo huo ni takriban mara milioni 64 kwa sekunde. Masafa hayo yako chini kidogo ya yale unayosikilizia Muuga FM. Mtambo hutuma mawimbi ya redio ya mdundo huo, protoni huitikia, kisha mawimbi hukatwa. Protoni zinaporudi katika hali yake hutoa ishara hafifu, ambayo kompyuta huipokea na kuitengeneza kuwa picha. Maji yaliyomo katika uvimbe hayarudi kwa mwendo sawa na yale yaliyomo katika mafuta au katika ubongo wenye afya, na tofauti hiyo ndiyo daktari anayoiona.

Mawimbi ya redio hayana nguvu ya kuvunja chembechembe za urithi, kama eksirei na CT zinavyoweza kufanya zikitumiwa kupita kiasi. Ndiyo maana MRI inaweza kurudiwa bila hofu ya kulimbikiza miale mwilini.

Kila kiini na mdundo wake

Njia hii haikuanzia hospitalini. Mwaka 1938, huko Marekani, Isidor Rabi aliitumia kupima sumaku ya viini, kwa nia ya kujua viini vyenyewe vilivyo. Mwaka 1946 Felix Bloch na Edward Purcell, kila mmoja na kundi lake, walifaulu kuusikia mwitiko huo katika vitu vya kawaida kama maji na nta.

Waligundua kwamba kila aina ya kiini ina mdundo wake. Katika sumaku ile ile ya tesla 1.5, kaboni 13 huitikia karibu milioni 16 kwa sekunde, na fosforasi 31 karibu milioni 26. Kaboni 12 haiitikii kabisa. Chembe zake zimepangika wawili wawili na sumaku zao zikafutana, ilhali kaboni 13 ina nyutroni moja isiyo na mwenzake. Kwa hiyo kiini kinapoitikia, kinatueleza pia jinsi kilivyojengwa ndani.

Kuzipambanua sauti hizo na kuzipanga kwa masafa yake huitwa spektroskopia. Hata viini vya aina moja hutofautiana kidogo sana kwa sauti, kutegemea kemikali vilimokaa. Kwa njia hiyo daktari bingwa anaweza kupima kemikali za ubongo bila kupasua kichwa, na kupata dalili kama uvimbe fulani una tabia ya saratani au la.

Mwaka 1973 Paul Lauterbur alionyesha jinsi ya kupata picha kutokana na ishara hizo, naye Peter Mansfield wa Uingereza akaiendeleza kazi hiyo. Wawili hao walipewa Tuzo ya Nobel mwaka 2003. Mwanzoni jina la njia hii lilikuwa na neno "nyuklia" ndani yake. Lilipofika hospitalini liliondolewa, sababu mojawapo ikiwa ni kwamba wagonjwa waliliogopa. Hofu inayosikika Muthara iliwahi kusikika Ulaya na Marekani pia.

Dawa zinazotoa miale

Kuna sehemu nyingine ya hospitali ambako miale ya kweli ya nyuklia hutumika. Huko mgonjwa hupewa isotopu isiyotulia, kwa kipimo kilichohesabiwa.

Mfano mmoja ni iodini 131, inayotolewa katika Hospitali ya Taifa ya Kenyatta miongoni mwa nyingine. Tezi ya shingo hupenda iodini, hivyo huivuta dawa hiyo, na miale yake huua chembe za tezi iliyozidisha kazi au iliyo na saratani. Mingi ya miale inayofanya kazi hiyo husafiri milimita chache tu.

Mfano wa pili ni teknetiamu 99m, inayotumiwa kuchunguza mifupa, figo na moyo. Kila isotopu hutoa miale yenye nguvu yake maalumu. Teknetiamu hutoa ya elektroni-volti 140,000, na kamera huhesabu hiyo na kuiacha mingine. Hii nayo ni spektroskopia.

Je, miale hiyo hukaa mwilini milele? La. Kila isotopu ina nusu-maisha, yaani muda unaopita hadi nusu yake iishe. Teknetiamu hupungua kwa nusu kila baada ya saa 6, hivyo baada ya siku moja imebaki sehemu moja kati ya 16. Iodini 131 huchukua siku 8 kupungua kwa nusu. Nyingine hutoka kwa mkojo kabla ya hapo.

Watu wa Tigania na Igembe hawana haja ya kufundishwa sana jambo hili. Miraa iliyochumwa asubuhi hufungwa kwa majani ya mgomba na kukimbizwa Nairobi kwa pikapu, kwa kuwa ya juzi haina nguvu wala bei. Florini 18, inayotumiwa katika picha ya PET kutafuta saratani, ina haraka kuliko miraa, maana nusu yake huisha kwa dakika 110. Ikitengenezwa Nairobi na kupakiwa kwenye matatu ya kuja Muthara, baada ya saa tano na nusu barabarani itakuwa imebaki sehemu moja kati ya nane. Ndiyo sababu hufanyiwa kazi karibu na mitambo inayoitengeneza, iliyoko katika Hospitali ya Aga Khan ya Nairobi na ile ya Chuo Kikuu cha Kenyatta. Daktari anayekutuma huko hakusumbui.

Isitoshe, zipo isotopu zinazotumiwa bila miale yoyote. Anayeshukiwa kuwa na vijidudu vya vidonda vya tumbo aweza kunywa dawa yenye kaboni 13, kisha apulize pumzi mfukoni. Vijidudu hivyo vikiwepo, kaboni 13 itaonekana katika pumzi yake.

Chuma ndicho adui

Turudi kwenye MRI. Sumaku yake haizimwi jioni kama taa. Huwa hai usiku na mchana, hata kama hakuna mgonjwa. Kitu cha chuma kikikaribia hunyakuliwa na kuruka kama jiwe la kombeo.

Mwaka 2001, katika jimbo la New York, Marekani, mvulana wa miaka 6 alikufa baada ya mtungi wa oksijeni kuvutwa na mtambo alimokuwa amelazwa. Mwaka 2025, katika jimbo hilo hilo, mwanamume aliyeingia chumbani akiwa na mnyororo mzito shingoni alivutwa na sumaku, na akafa.

Chuma kilicho ndani ya mwili nacho chaweza kusogea. Chembe ndogo iliyokwama jichoni inaweza kuliharibu jicho. Kifaa cha kuendesha mapigo ya moyo kinaweza kuvurugika. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, na katika chumba hiki anayeficha chuma anacheza na hatari iyo hiyo.

Mambo ya kusema na kuuliza

Kabla ya kuingia kwenye MRI, mweleze mhudumu iwapo:

• una kifaa cha moyo, cha masikio, au kibanio chochote ulichowekewa ubongoni;

• umewahi kupigwa risasi, au kufanya kazi ya kuchomelea na kukata vyuma;

• una vyuma vya kuungia mifupa. Vingi vya siku hizi havina shida, lakini ni lazima vijulikane;

• una ugonjwa wa figo, kwa sababu dawa ya gadolini inayodungwa kuimarisha picha huenda isikufae;

• una mimba, au unaogopa mahali finyu.

Ondoa saa, mkufu, pini za nywele, sarafu, simu na funguo. Anayekusindikiza afanye vivyo hivyo. Mtambo hupiga kelele nyingi kwa muda wa dakika 20 hadi saa nzima, kwa hiyo omba vizibo vya masikio. Kelele hizo si ishara ya kuharibika.

Kwa upande wa iodini 131, mwanamke mjamzito hapewi, na anayenyonyesha sharti aache kabisa kunyonyesha kabla ya kupewa. Baada ya matibabu, fuata siku ulizopangiwa za kulala peke yako na kukaa mbali na watoto wadogo na wajawazito. Uliza pia ni miezi mingapi ungoje kabla ya kushika mimba. Aghalabu huwa 6 au zaidi.

Mwisho, uliza kama SHA italipia kipimo na kama kibali kinahitajika mapema, usije ukasafiri zaidi ya kilomita 200 kurudishwa mlangoni.

Ndugu msomaji, ukipewa barua ya kipimo cha aina hii, muulize daktari swali moja: "Je, hiki kinatumia sumaku au miale?" Kama ni sumaku, taja kila chuma ulicho nacho. Kama ni miale, uliza itachukua muda gani kuisha na ujitenge na nani. Ukishajibiwa, nenda ukapimwe.