Faida ya Mtoto, Deni la Mtu Mzima

Nchini India, mkataba wa aliye chini ya miaka 18 ni batili; ndivyo ilivyoamuliwa mwaka 1903 katika kesi ya Mohori Bibee. Kwa hiyo mtoto hawezi kuwa mbia. Hata hivyo, kifungu cha 30 cha Sheria ya Ubia ya 1932 kinaruhusu agawiwe faida, wabia wote wakiridhia. Wadai watasema huo ni upendeleo, maana mali yake binafsi haiguswi. Sidhani: fungu lake lililomo katika biashara hulipia madeni. Ugumu uko kwingine. Akishafikia utu uzima, ana miezi sita ya kutangaza hadharani kama anabaki au anajitoa (muda huanza baadaye ikiwa hakujua aliingizwa). Akinyamaza, anakuwa mbia kamili, na madeni yote tangu alipoingizwa, hata ya utotoni, yanamwandama yeye mwenyewe.