Leseni ya kuwinda si leseni ya kuuza nyama

MFANYABIASHARA anayekwenda mnadani Haydom au Katesh kutafuta mbuzi na ng'ombe anaweza kukutana na kishawishi cha aina nyingine. Ni nyama iliyokaushwa, imo ndani ya gunia, na bei yake iko chini ya ile ya mbuzi. Muuzaji anaeleza kuwa ni ya swala na kwamba aliyewinda ana leseni. Wanunuzi wengi hawaulizi zaidi ya hapo, kwani neno "leseni" linawatosha.

Hapo ndipo hasara inapoanzia. Kwa mujibu wa Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori Namba 5 ya mwaka 2009, iliyochukua nafasi ya ile ya mwaka 1974, kuwinda ni jambo moja, kumiliki nyama ni jambo la pili, na kuuza nyama ni jambo la tatu. Kila moja lina karatasi yake. Aidha, sheria hiyo inasema anayekutwa na nyara za Serikali ndiye anayepaswa kuthibitisha kuwa alizipata kwa njia halali. Nyama nayo huhesabiwa kuwa nyara. Kwa maneno mengine, aliyekutwa na gunia ndiye anayetakiwa kuonyesha karatasi, hata kama mwindaji mwenyewe yuko porini na leseni yake mfukoni.

Adhabu si ya faini ndogo ya mnadani. Kupatikana na nyara za Serikali isivyo halali huendeshwa kama kosa la uhujumi uchumi, na kifungo huanzia miaka 20 na kinaweza kufika 30. Mwaka 2023 mwanamke mmoja mkoani Iringa alihukumiwa kifungo cha miaka 22 kwa kukutwa na vipande 12 vya nyama ya swala. Baadaye Mahakama Kuu ilimwachia huru, lakini alikwisha kuonja gereza. Kwa mchuuzi mdogo, hata rufaa iliyoshinda ni mtaji uliokwisha.

Je, leseni yenyewe hupatikanaje?

Msingi wake ni kwamba wanyamapori wote nchini ni mali ya umma, na Rais ndiye mdhamini wao kwa niaba ya wananchi. Mwenye shamba hamiliki pofu aliyeingia katika mahindi yake, na kijiji hakimiliki nyati anayelala katika malisho yake. Anayekata leseni ananunua ruhusa ya kumwinda mnyama wa aina fulani, kwa idadi iliyoandikwa, katika eneo lililotajwa na kwa siku zilizotajwa. Leseni haimhakikishii kuwa atampata. Akirudi mikono mitupu, mafuta ya gari na posho za wasaidizi vimekwenda.

Uwindaji halali uko wa namna mbili zinazomhusu msomaji wa ukurasa huu. Ule wa kitalii hufanywa na wageni kupitia kampuni zilizopewa vitalu, wakiongozwa na wawindaji bingwa wenye leseni zao. Ule wa wenyeji ni wa mwananchi anayetafuta kitoweo, na huyu huanzia kwa Ofisa Wanyamapori wa Wilaya. Juu ya ofisa huyo yuko Mkurugenzi wa Wanyamapori, ambaye ndiye mwenye mamlaka ya leseni kisheria, na pia Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori Tanzania, yaani TAWA, iliyoanza kazi kamili Julai 2016 na inayosimamia mapori ya akiba, mapori tengefu na maeneo ya wazi.

Jambo la kwanza kuuliza ofisini ni mgawo, kabla hata ya kuulizia ada. Kila msimu hupangwa ni wanyama wangapi wa kila aina wanaoweza kuwindwa katika kila eneo. Mgawo wa swala pala ukiwa umekwisha, fedha haiwezi kuurudisha. Ada nayo hutangazwa na Serikali na hubadilika mara kwa mara, hivyo anayepiga hesabu kwa bei aliyosimuliwa na jirani anajidanganya. Malipo hufanywa kwa namba ya kumbukumbu inayotolewa na ofisi. Ofisa anayetaka fedha mkononi anatoa kitu kingine kisichokuwa leseni.

Jambo la pili ni silaha. Leseni ya kuwinda haimpi mtu haki ya kuwa na bunduki. Hiyo hupatikana Polisi, chini ya Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015, na gobore la babu lililoachwa darini halina msamaha. Silaha yenyewe lazima ilingane na mnyama. Bunduki ya kupigia kanga na kwale haipelekwi kwa nyati, na sababu yake haihitaji maelezo kwa aliyewahi kumwona nyati aliyejeruhiwa.

Namna ya kuwinda nayo ina mipaka. Hairuhusiwi kuwinda usiku, kwa taa, kutoka ndani ya gari, kwa sumu, kwa mashimo wala kwa mitego ya waya. Majike wenye mimba na wanaonyonyesha, pamoja na ndama, hawaguswi. Twiga, ambaye ni nembo ya Taifa, hayumo katika leseni ya mtu yeyote. Hifadhi za Taifa, kama Ziwa Manyara na Tarangire, hazina uwindaji kabisa, na Ngorongoro vivyo hivyo. Leseni haiazimwi, haiuzwi na hairithiwi. Jina lililoandikwa ndilo linalopaswa kushika bunduki. Mnyama akishaanguka huandikwa katika leseni papo hapo, si baada ya kufika nyumbani. Anayeacha nafasi hiyo wazi ili atumie karatasi moja kwa swala wawili anakuwa amejiandikia shitaka.

Wakulima wa Mbulu huuliza mara nyingi kuhusu mnyama aliyeuawa shambani. Sheria inamtambua mtu anayejitetea au kutetea mali yake. Hata hivyo, mzoga hubaki kuwa mali ya Serikali na taarifa lazima itolewe. Kugawana nyama kwanza na kutoa taarifa baadaye kumewaponza wengi.

Baada ya hayo ndipo yanakuja mambo ya sokoni. Kwa miaka mingi biashara ya nyamapori ilikuwa ya uchochoroni, kwa kuwa hapakuwa na mahali pa kununua kihalali. Mwaka 2019 Rais John Magufuli aliagiza yaanzishwe mabucha ya nyamapori, na mwaka 2020 zilitoka kanuni za kuuza nyama hiyo. Kwa mujibu wa utaratibu huo, muuzaji hukata leseni yake mwenyewe, bucha lake husajiliwa, nyama hukaguliwa, na chanzo chake lazima kijulikane, kiwe ni uwindaji halali au shamba na ranchi ya wanyamapori. Mnunuzi hupewa stakabadhi, na karatasi hiyo ndiyo inayomtenganisha na mwenye gunia la mnadani.

Je, biashara hiyo inalipa? Hesabu zifanywe kwa kilo, si kwa kichwa cha mnyama. Dume la swala pala lina kilo 60 hivi akiwa hai, na nyama inayofika kwenye mizani ni karibu nusu yake. Digidigi mzima hana zaidi ya kilo 5 au 6, hivyo hata ada ndogo ikigawanywa kwa kilo zake inakuwa mzigo. Nyati anaweza kuzidi kilo 600, lakini anadai silaha kubwa, watu wa kupasua, na gari lenye ubaridi kabla jua halijapanda. Katesh iko kwenye lami ya Babati hadi Singida, na hiyo ni nafuu kwa mwenye bucha. Porini hakuna lami. Mwenye mtaji mdogo atakuta kwamba faida ya nyamapori halali hutegemea mafuta na barafu kuliko ada ya Serikali, na kwamba mbuzi wa Haydom, anayejipeleka mnadani kwa miguu yake, ni mshindani mgumu.

Halafu kuna suala la wapi wanyama wenyewe wapo. Nyanda za juu za Mbulu zimelimwa na Wairaqw kwa vizazi vingi, na hakuna pori la kutosha kundi la nyumbu. Mlima Hanang, wenye mita zaidi ya 3,400, ni msitu wa hifadhi. Tambarare za Hanang, walikochunga Wabarabaig, zilimegwa kuanzia miaka ya 1970 kwa mashamba ya ngano ya NAFCO yaliyosaidiwa na Kanada, kiasi cha ekari 100,000. Wabarabaig walikwenda mahakamani na kesi zao zikachukua miaka. Kilichobaki kwa mwindaji kiko chini kabisa, katika bonde la Yaeda na kuelekea Ziwa Eyasi.

Huko nako kuna wenyewe. Wahadzabe huishi kwa kuwinda kwa upinde, kuchimba mizizi na kurina asali, na Serikali imekuwa ikiwaachia wawinde kwa chakula chao. Ruhusa hiyo haihamishiki. Mfanyabiashara anayewatuma Wahadzabe wampigie swala ili yeye auze hawezi kujificha nyuma ya mila yao. Amenunua nyara, na wao amewaingiza matatani.

Wawekezaji wakubwa zaidi wana somo lao katika bonde hilohilo. Uwindaji wa kitalii una historia ya kupanda na kushuka. Ulipigwa marufuku mwaka 1973, ukarudi mwaka 1978 chini ya shirika la umma la TAWICO, na kuanzia mwaka 1988 makampuni binafsi yakaanza kupewa vitalu. Kwa muda mrefu vitalu viligawiwa mezani. Tangu mwaka 2019 TAWA imekuwa ikivinadi kwa njia ya kompyuta. Anayetaka hisa katika kampuni ya namna hii aulize kwanza kitalu kilipatikanaje, na mkataba wake unakwisha lini. Aulize pia kuhusu wateja. Mwaka 2014 Marekani ilisimamisha uingizaji wa nyara za tembo kutoka Tanzania, na kampuni zilizokuwa zikitegemea wateja wa huko ziliona hasara bila kufanya kosa lolote porini.

Lakini mnada safi na wateja wa uhakika havitoshi. Mwaka 2007 kampuni iliyohusishwa na ukoo wa watawala wa Abu Dhabi iliafikiana na Serikali kutumia bonde la Yaeda kwa uwindaji. Kwa upande wa karatasi za Serikali, mambo yalionekana kukamilika. Wahadzabe walipinga wakisema hawakushirikishwa, kiongozi wao mmoja akakamatwa, habari zikafika katika magazeti ya Marekani, na Novemba mwaka huohuo kampuni ikajiondoa. Fedha iliyokuwa imetumika katika maandalizi haikuwindia mnyama hata mmoja.

Kilichofuata kinastahili kuangaliwa na kila mwenye hesabu. Mwaka 2011 Wahadzabe walipata hati ya haki miliki ya kimila kwa ardhi yao ya pamoja, zaidi ya hekta 20,000, kwa msaada wa shirika la Ujamaa Community Resource Team. Baada ya kupata hati waliingia katika biashara ya hewa ukaa pamoja na kampuni ya Carbon Tanzania. Msitu usiokatwa hupimwa, na wanunuzi wa nje hulipia kaboni inayobaki ndani ya miti. Sehemu ya mapato huingia vijijini na hulipa walinzi wa msitu ambao ni wanakijiji wenyewe. Kwa hiyo leo anayetaka kitalu jirani na Yaeda hashindani na pori tupu. Anashindana na mapato yanayoingia bila risasi kupigwa, na wenye mapato hayo wana hati mkononi.

Hii haina maana kwamba milango imefungwa. Katika mkoa huohuo wa Manyara vijiji vya Burunge wilayani Babati, na vile vya Makame wilayani Kiteto, vimeunda jumuiya za hifadhi ya wanyamapori, ambazo kisheria zinaweza kuingia mikataba na wawekezaji. Tofauti yake na mpango wa mwaka 2007 ni kwamba wanakijiji ni sehemu ya mkataba tangu mwanzo, na fungu lao linajulikana.

Msimu wa kuwinda hufunguliwa Julai, mvua za masika zikishapita. Mwananchi wa Mbulu au Hanang anayetaka kitoweo afike kwa Ofisa Wanyamapori mapema, akiwa na kitambulisho chake na leseni ya bunduki, aulizie mgawo wa eneo analolitaka kabla ya kukodi gari. Anayetaka kufungua bucha aanze na kanuni za mwaka 2020 na mtu wa kumuuzia nyama mwenye chanzo kinachojulikana. Na anayetaka kitalu, baada ya kutoka TAWA, apite ofisi za vijiji vinavyopakana nacho, aombe kuona mpango wa matumizi bora ya ardhi na mihtasari ya mikutano mikuu ya kijiji. Ikiwa kitalu hakikutajwa hata mara moja katika mihtasari hiyo, arudi nyumbani na fedha yake.