Watoto waliojenga taifa lao mezani

KAMA kuna daftari nyumbani lililojaa ramani za nchi isiyokuwepo, majina ya wafalme wasiowahi kuzaliwa na vita ambavyo hakuna aliyevipigana, mzazi huenda akauliza kwanza: na hesabu je, zimefanywa?

Katika nyumba ya mchungaji Patrick Brontë, kijijini Haworth kaskazini mwa Uingereza, maandishi ya aina hiyo yaliendelea kwa karibu miaka 20.

Ilikuwa nyumba yenye msiba. Mama alifariki mwaka 1821, akaacha watoto sita. Mwaka 1825 mabinti wawili wakubwa, Maria na Elizabeth, waliugua kifua kikuu wakiwa shule ya bweni, wakarudishwa nyumbani na kufa wakifuatana. Wakabaki wanne: Charlotte, Branwell, Emily na Anne, wakilelewa na baba pamoja na mama yao mkubwa aliyehamia hapo.

Juni 1826 baba alirudi kutoka mjini Leeds na zawadi ya Branwell, askari 12 wa mbao. Kila mtoto alijichagulia mmoja na kumpa jina. Charlotte, aliyekuwa na miaka 10, alimwita wake Wellington, jenerali aliyemshinda Napoleon. Branwell, kwa kutaka ubishi tu, akamwita wake Bonaparte.

Askari wale wakasafirishwa kwa meli hadi pwani ya Afrika Magharibi, wakajenga mji wa Glass Town, yaani Mji wa Kioo. Kila mtoto akapata himaya yake. Baadaye, mwaka 1834, Charlotte na Branwell waliongeza ufalme mpya ulioitwa Angria. Nchi hizo zilikuwa na mabunge, magazeti, washairi wenye majivuno, wahakiki wa kuwasema na matangazo ya biashara.

Watoto wenyewe walijiweka humo kama majini wanne, waliowatoa katika hadithi za Alfu Lela Ulela. Majini hao walikuwa na uwezo mmoja mkubwa: askari akifa vitani, walimfufua. Kwa watoto waliotoka kumzika mama na dada wawili, hilo halihitaji mtaalamu wa kulieleza.

Vitabu vyao navyo vilikuwa vya ajabu. Karatasi ilikuwa ghali, hivyo walitumia mabaki, ikiwemo karatasi ya kufungia sukari, wakayakata na kuyashona kwa uzi. Kimoja alichoandika Charlotte mwaka 1830 kina milimita 35 kwa 61, kikubwa kidogo tu kuliko kiberiti, lakini ndani yake mna maneno zaidi ya 4,000. Herufi zilikuwa ndogo kiasi cha kuwafaa wale askari wa mbao kusoma. Pia ziliwafanya watu wazima washindwe kusoma, na pengine hilo nalo lilikuwa sehemu ya raha.

Baba hakuwapokonya. Mwaka 1833 alimpa Charlotte daftari na kuandika ndani yake kwamba kila kitakachoandikwa humo kiwe kwa mwandiko mzuri unaosomeka. Hadithi za Angria ziliendelea kwa herufi zile zile za sisimizi.

Jambo jingine aliloliruhusu ni magazeti. Wanawe walisoma kila kilichoingia nyumbani, siasa na vita pamoja, na matokeo yake hayakuwa mazuri yote. Miaka hiyo Waingereza walikuwa wakipigana na Waashanti, katika nchi ambayo leo ni Ghana. Basi taifa la kubuni nalo likajengwa kwa kuwapiga Waashanti na kuchukua ardhi yao, na mwana wa mfalme wao, Quashia, akafanywa mtoto wa kulelewa anayegeuka kuwa adui. Mtoto hubuni kwa kile alichokikuta mezani, na mezani Haworth palikuwa na habari za utawala wa mabavu. Hapo ndipo mzazi wa leo anapoweza kuuliza swali lenye maana kuliko lile la hesabu: katika nchi yako, hawa maadui ni akina nani, na walikosa nini?

Wadogo nao walijitenga. Mwaka 1831 Charlotte alipokwenda shule, Emily na Anne waliiacha Glass Town na kuanzisha Gondal, kisiwa chenye upepo na baridi kama ya kwao. Anayewajua wadogo waliochoka kuamrishwa na wakubwa hatashangaa.

Kutoka katika nchi hizo hakukuwa rahisi. Charlotte alipokuwa mwalimu, aliwaona watu wa Angria wakipita mbele yake darasani, akaudhika wanafunzi walipomkatiza. Karibu mwaka 1839 aliandika kuiaga Angria. Branwell hakuiaga kweli: mashairi yake gazetini aliyatia saini Northangerland, jina la mhusika wake wa Angria. Pombe na kasumba vilimwandama, akafa mwaka 1848 akiwa na miaka 31. Kulilaumu taifa la mezani kwa hilo si haki, maana dada zake walitoka humo humo. Mwaka 1845 Emily, mwenye miaka 26, na Anne, 25, walisafiri kwenda York wakiigiza wakimbizi wa Gondal. Mwaka 1847 zilichapishwa Jane Eyre ya Charlotte, Wuthering Heights ya Emily na Agnes Grey ya Anne.

Kile kitabu cha ukubwa wa kiberiti kilinunuliwa mnadani Paris mwaka 2019 kwa yuro 600,000, bila ada, kikarudishwa Haworth, ambako nyumba ya mchungaji sasa ni makumbusho. Hadithi za Gondal zimepotea. Yamebaki mashairi, pamoja na majina ambayo Anne aliyachomeka kwa mkono wake katika kitabu cha jiografia cha nyumbani, kati ya nchi za kweli: Gondal, kisiwa kikubwa katika Pasifiki ya Kaskazini.