Uchaguzi wa Kamati ya Wakfu: Kesi Huanza Kabla ya Kura

Mtu akishaweka mali yake wakfu, umiliki wake umekoma. Mali ni ya Mwenyezi Mungu, manufaa ni ya waja wake, na kinachohitajika ni msimamizi mwaminifu, yaani mutawalli. Mbona basi uchaguzi wa wasimamizi huwafikisha Waislamu mahakamani? India, yenye sheria pana ya wakfu, inatupa mengi ya kujifunza.

Sheria ya Wakfu ya India ya 1995 haimtambui mutawalli kuwa mtu mmoja tu. Hata kamati inayoendesha wakfu inahesabiwa kuwa mutawalli. Hivyo kamati ya msikiti iliyopigiwa kura inabeba dhamana ya kisheria: kutunza hesabu, kukusanya kodi za nyumba na maduka, na kulinda mali isiliwe. Anayeshinda kiti hapewi mali, ila anapewa funguo, madaftari na mamlaka ya kutia saini benki. Ndiyo maana kiti kinagombewa.

Migogoro mingi huzunguka maswali matatu. La kwanza ni nani mwenye haki ya kupiga kura. Katika jimbo la Kerala waumini wamejipanga kwa mahallu, yaani jamii ya msikiti mmoja, na familia hutoa mchango wa mara kwa mara. Je, aliyechelewesha mchango amepoteza kura? Aliyekwenda Ghuba kutafuta riziki? Mjane anayeongoza kaya? Katiba ya msikiti ikinyamaza, kila upande huijazia maneno yanayoufaa. Swali la pili ni nani aitishe uchaguzi endapo muda wa viongozi umekwisha nao hawaondoki. La tatu ni nani asimamie kura ikiwa waliopo madarakani nao ni wagombea.

Shauri likizuka, mlango wa kwanza ni Bodi ya Wakfu ya jimbo, yenye usimamizi wa jumla juu ya wakfu zote. Bodi inaweza kuweka utaratibu wa uendeshaji, na chini ya kifungu cha 67 inaweza kuivunja kamati. Lakini haiamki tu ikaivunja: sharti itoe notisi yenye sababu, na kamati ipewe muda usiopungua mwezi mmoja wa kujieleza. Ikivunjwa na isiporidhika, inakata rufaa kwenye Baraza la Wakfu, chombo cha kimahakama kilichoundwa kwa kifungu cha 83.

Hata mlango wenyewe umezua kesi. Kifungu cha 85 kinazifungia mahakama za kawaida za madai mashauri yaliyo chini ya Baraza, lakini yapi hasa? Mwaka 2010, katika kesi ya Ramesh Gobindram, Mahakama ya Juu iliyabana mamlaka ya Baraza. Mwaka 2021, katika kesi ya Rashid Wali Beg, ikayapanua. Marekebisho ya 2025 nayo yameruhusu rufaa kutoka Baraza kwenda Mahakama Kuu ndani ya siku 90. Anayekosea mlango hupoteza miaka kabla hoja yake haijasikilizwa.

Lipo pia suala la wakati. Tangu hukumu ya Ponnuswami ya 1952, iliyohusu uchaguzi wa bunge la jimbo la Madras, majaji wa India wamekuwa wazito kusimamisha uchaguzi ulioanza. Mlalamikaji husubiri matokeo kisha ayapinge. Mantiki hiyo hutumika pia nje ya siasa. Kwa hiyo anayeona jina lake limeachwa kwenye daftari asingoje siku ya kura ndipo apaze sauti.

Wito wangu kwa kila kamati ya wakfu, popote ilipo, ni kuyamaliza haya kwenye katiba wakati wa amani. Daftari la wapiga kura libandikwe mapema na watu wapewe siku za kulipinga. Sifa za mwanachama ziandikwe waziwazi, wanawake wakiwemo. Tarehe ya ukomo wa uongozi itajwe, na msimamizi wa uchaguzi awe mtu asiyegombea. Gharama za mawakili zikilipwa kutoka mapato ya wakfu, wanaopungukiwa ni yatima na wanafunzi wa madrasa, ambao hawakuwa upande wowote wa kesi.