Samatta, Kabla ya Wembley

Watu wengi wakimsimulia Mbwana Samatta huanzia Uingereza, kwenye lile bao la kichwa pale Wembley. Mimi naanzia Mbagala, Dar es Salaam, alikokulia.

Alicheza African Lyon, kisha akachukuliwa na Simba. Mwaka 2011 Simba wakapangiwa TP Mazembe ya Kongo katika Ligi ya Mabingwa Afrika. Simba wakafungwa, lakini Mazembe walikuwa wameshamwona kijana huyu. Wakamsajili akiwa na miaka 18.

Hapa tukae kidogo. Mazembe haikuwa timu ya kujaribia bahati. Desemba 2010 tu ilikuwa imecheza fainali ya Kombe la Dunia la Klabu dhidi ya Inter Milan. Katika timu ya namna hiyo, mgeni hapewi namba kwa kuonewa huruma. Heri yake ni kwamba Lubumbashi, nyumbani kwa Mazembe, nako watu huongea Kiswahili, ingawa si kile cha Mbagala. Alikaa huko miaka minne na zaidi, akifunga msimu baada ya msimu, huku wenzake wa rika lake wakiota Ulaya. Kwangu mimi, hiyo ndiyo sehemu kubwa ya maisha yake ya soka, na ndiyo inayosahaulika.

Mwaka 2015 Mazembe wakafika fainali ya Ligi ya Mabingwa Afrika dhidi ya USM Alger ya Algeria. Kule Algiers Samatta akafunga kwa penalti. Kwenye marudiano Lubumbashi, ubao bado ukisoma 0-0, ikapatikana penalti nyingine. Nani apige? Yeye tena. Akafunga! Mazembe wakashinda 2-0 na kubeba kombe, naye akamaliza mashindano akiwa na mabao 7. Januari 2016, mjini Abuja, akatangazwa mchezaji bora wa Afrika kwa wanaocheza ndani ya bara. Hakuna Mtanzania aliyewahi kuipata tuzo hiyo kabla yake.

Mwezi huohuo akaenda Genk, Ubelgiji. Msimu wa 2018/19 akafunga mabao 23 ya ligi, Genk wakawa mabingwa. Januari 2020 Aston Villa wakamnunua, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya Uingereza. Wembley ikafuata: Manchester City 2, Villa 1, na hilo moja la Villa ni lake.

Ila bao ninalolipenda mimi ni jingine. Mwaka 2019 Taifa Stars, timu yetu ya taifa, walirudi Afcon kwa mara ya kwanza tangu 1980, Samatta akiwa nahodha. Kule Cairo, Michael Olunga wa Kenya akasawazisha, na kabla Wakenya hawajamaliza kushangilia, Samatta akatupeleka mbele tena. Tulifungwa 3-2 usiku ule, na iliniuma. Lakini alilifunga akiwa na jezi ya Taifa Stars, na silibadilishi na la Wembley.