Vidole Vyangu, Majina Mawili

Mwaka 2011 ukame ulipomaliza ng'ombe wetu, shangazi alinipeleka kambi ya wakimbizi ya Dagahaley, kule Dadaab. Bila kadi ya mgao hupati unga wala mafuta, kwa hiyo niliandikishwa katika familia iliyotoka Somalia, ng'ambo ya mpaka. Nikapewa jina jingine, baba mwingine na mahali pengine pa kuzaliwa, kisha nikabonyeza vidole kwenye mashine. Jioni ile tulikula.

Nilipotimiza miaka 18 nilikwenda kuomba kitambulisho, cheti cha kuzaliwa mkononi, baba kando yangu. Karani akatazama kompyuta, akasema, "Wewe ni mkimbizi." Baba, aliyepitia uhakiki wa Wasomali wa mwaka 1989 na kupewa kadi ya waridi kuthibitisha Ukenya wake, hakusema neno hadi tulipofika nyumbani.

Tangu hapo naishi kama watu wawili. Laini yangu ya simu na M-Pesa ni kwa jina la kaka. Chuo na mkopo wa masomo vilinipita. Kwenye kizuizi cha daraja la Tana askari huita, "Warya, kipande!" na moyo hunidunda kama wa mwizi, ingawa babu yangu alichunga upande huu wa mto kabla bendera ya Kenya haijapandishwa. Linaloniumiza zaidi ni dogo: mtu akiita lile jina la kambini pale sokoni Suuq Mugdi, nageuka. Nageuka kabla ya kufikiri. Usiku nawaza, je, ningeitwa kwa jina la baba ningegeuka upesi vile?

Wakenya wenye mkasa huu wanakadiriwa kuwa 40,000 hivi. Haki na Sheria, shirika la hapa Garissa, lilipeleka kesi yetu mahakamani, na mwaka 2025 Mahakama Kuu ya Garissa ikaamua kwamba haki zetu zimevunjwa. Februari mwaka huohuo Rais Ruto alifuta uhakiki wa ziada kwa wakazi wa kaunti za mpakani wanaoomba vitambulisho. Tulishangilia, na tulikuwa na sababu. Lakini kufuta uhakiki hakufuti alama za vidole zilizoko kwenye sajili ya wakimbizi, na ndizo zinazotufunga.

Nawaomba wenye mamlaka watuondoe kwenye sajili hiyo. Nawe msomaji, ikiwa mwanao aliwahi kuandikishwa kambini, tafuta msaada wa kisheria sasa, kabla hajafika miaka 18.