Unataka kuwa fundi wa stima? Kabla ya koleo, shika mkataba

Bila shaka unamjua yule kijana wa mtaani anayembebea fundi wa stima ngazi. Mwaka wa tatu sasa anatindua kuta, anapitisha paipu na kuvuta waya. Kazi anaijua. Lakini mteja akimuuliza, "Una cheti?" anatazama chini. Na siku atakayoanguka, fundi wake atampa nauli ya matatu hadi hospitali, na mambo yataishia hapo.

Kama unaitaka kazi hii, usiingie kwa mlango huo.

Sheria ya Mafunzo ya Viwandani inatambua uanagenzi, yaani wewe na mwajiri mnatia saini mkataba wa maandishi, kisha unasajiliwa na NITA. Kabla ya kusaini, soma. Utafunzwa nini? Kwa muda gani? Utalipwa ngapi?

Karatasi hiyo si mapambo. Sheria ya fidia kwa wanaoumia kazini, WIBA ya 2007, inamhesabu mwanagenzi kama mfanyakazi. Ukipigwa na stima ukiwa saiti, una haki ya kulipwa fidia. Yule wa "kuja tu tusaidiane" atathibitisha vipi kwamba alikuwa kazini?

Vyama pia vina nafasi hapa. Wafanyakazi na waajiri wote wana wawakilishi kwenye bodi ya NITA. Ukiajiriwa katika kampuni kubwa za umeme, utakutana na KETAWU, chama cha wafanyakazi wa sekta hiyo. Usikikimbie kwa sababu ya makato ya kila mwezi. Mshahara unaojadiliwa na chama si sawa na ule unaoomba peke yako ofisini kwa bosi.

Na je, usipopata kampuni ya kukuchukua? Basi jifunze kwa fundi mzuri wa mtaani, lakini jisajili ufanye mtihani wa ufundi wa NITA. Unaanza na gredi ya tatu, unapanda hadi ya pili, kisha ya kwanza. Kinachopimwa ni ujuzi wako, hata kama uliupata kwenye mjengo.

Hapa ndipo wengi hukosea: cheti cha NITA si leseni. Sheria ya Kawi ya 2019 inataka anayefunga stima awe na leseni ya EPRA. Ngazi ya chini kabisa ni C2, na ya juu ni A1. Usipokuwa nayo, utatoa jasho nyumba nzima, kisha mwenye leseni aje tu kutia saini karatasi za kupeleka Kenya Power. Wewe unabaki na vumbi, yeye anaondoka na pesa.

Tena, kujifunza vizuri ni suala la uhai. Chukua mfano wa rangi za waya. Kwenye nyumba mpya, kahawia ni laivu na bluu ni nyutro. Lakini kwenye majumba ya zamani yenye stima ya fezi tatu, bluu ilikuwa mojawapo ya laivu. Anayejua rangi za juzi pekee anaweza kushika bluu akidhani ni salama. Ndiyo maana fundi aliyefunzwa huzima swichi kuu, hujaribu testa yake mahali penye stima ahakikishe inafanya kazi, kisha hupima waya kabla ya kuugusa. Rangi haiaminiki. Testa ndiyo husema.

Hii ni kazi ya miaka, si ya wiki mbili. Mwanzoni malipo yatakuwa madogo na wenzako watakucheka ukirudi na saruji kwenye nywele. Vumilia, ila usivumilie bila maandishi.

Kwa hivyo, kesho fundi akikuita saiti, kabla hujashika ngazi yake, muulize kwa heshima: "Mkubwa, tunaandikiana?"